Hakuna Ngoma Iliyofika Merti

Kuna jibu moja la shule ambalo limekuwa likinikera tangu darasa la sita. Swali: taja njia za zamani za mawasiliano. Jibu: ngoma, moshi, pembe, mjumbe. Unapewa alama nne, unaenda zako. Halafu mwalimu anaendelea: wakaja wazungu na barua, ikaja redio, ikaja simu, na sasa tuko onlaini. Hadithi imenyooka kama barabara ya Moyale, ujinga upande huu, bando upande ule.

Sasa wasee wa Isiolo, tuulizane tu. Kutoka hapa mjini hadi Merti ni kama kilomita 200 za vumbi. Ni ngoma gani hiyo ilipigwa Isiolo ikasikika Merti? Na moshi ungesema nini? "Nyasi za huku ni nzuri lakini kuna ugonjwa wa ngamia, na wale jamaa tuliokosana nao mwaka juzi wamefika kisimani kabla yetu"? Moshi hauna uwezo huo. Lakini watu wa hapa walikuwa wanazijua hizo habari, kwa undani, na mapema kiasi cha kuokoa mifugo. Walizijuaje? Hilo swali halijawahi kuja kwa mtihani.

Nimekuwa nikiuliza wazee, nikisoma nilichoweza kupata, na maoni yangu ni haya: kile mababu wetu walikuwa nacho huku kaskazini kilikuwa kizito kuliko chombo chochote. Walikuwa na sheria za habari. Nani anaileta, anaulizwa nini, analaumiwa nani ikiwa ni uongo. Chombo tumebadilisha mara nyingi. Zile sheria ndizo tuliangusha njiani, na ukitaka kuona ziliangukia wapi inabidi urudi hadi kwa kizuizi cha barabarani hapa hapa Isiolo.

Nianze na salamu, maana ndiko kitu chenyewe kimejificha. Mturkana anakusalimia "Ejoka?" Mborana anakuuliza amani, nagaa, yako, ya watu wako, ya mifugo. Msomali anakwambia "Iska warran", yaani jieleze, toa habari zako, kwa sababu war ndiyo habari. Na sisi tunaoongea Kiswahili kutwa nzima pale stendi, tunasema nini? "Habari?" Ona hiyo. Lugha karibu zote zinazosikika mtaani kwetu, salamu ni ombi la taarifa. Shida ni kwamba siku hizi mtu anaulizwa habari, nyumba yake inaungua nyuma yake, na anajibu "poa".

Zamani hukujibu poa. Kwa lugha ya Maa, ambayo Wasamburu wanaongea, kupashana habari kunasemwa kama kula. Mnakula habari. Na mlo una utaratibu. Mgeni anaketi, anapewa maziwa au chai, halafu maswali yanakuja kwa mpangilio: amani kwanza, kisha mvua, malisho, maji, magonjwa ya wanyama, halafu watu, nani amezaa, nani amekufa, nani amehama. Akimaliza, zamu inageuka, na yeye anauliza. Hakuna mtu anakula peke yake. Mimi hiyo ndiyo sehemu inanipendeza zaidi, kwamba anayepokea naye anadaiwa.

Na tusidhani ni adabu tu za wazee wasio na haraka. Ukiwa mfugaji, habari ni uhai wa mifugo wako. Ukiambiwa kuna maji mahali, ukasukuma ng'ombe siku tatu, ukafika ukute tope limekauka, huna namna ya kuomba msamaha kwa ng'ombe. Kwa hiyo habari ya kusikia tu haikutosha. Waborana walikuwa na watu wa kazi hiyo, wanaitwa aburu. Wasomali wana kazi hiyo hiyo, wanaiita sahan. Hawa wanatumwa mbele kabla familia haijahama. Wanaangalia nyasi, lakini pia aina ya nyasi. Wanaangalia maji, lakini pia yatatosha wanyama wangapi na kwa muda gani. Wanaangalia kupe, mbung'o, dalili za ugonjwa. Wanaangalia nani tayari yuko pale, na wanaongea naye, kwa sababu kufika kwa watu bila kubisha hodi ni kutafuta vita.

Wakirudi wanaketi mbele ya wazee na wanahojiwa. Hapa Isiolo Waborana wa Waso, yaani wa eneo la mto Ewaso Nyiro, wamegawa malisho kwa maeneo wanayoita dedha, na kila dedha ina wazee wake, jarsa dedha. Hao ndio wanaamua sehemu gani inaliwa wakati wa mvua, gani wakati wa kiangazi, na gani haiguswi mpaka ukame ufike kweli kweli. Uamuzi mkubwa hivyo ulitegemea kijana aliyetembea siku kadhaa na macho yake mawili. Kwa hiyo lazima abanwe: Uliona mwenyewe au uliambiwa? Uliambiwa na nani? Huyo alikuwa anatoka wapi? Lini? Manze, hiyo ni kazi ya mhariri. Chumba cha habari kamili, chini ya mgunga, bila kiti hata kimoja.

Kuna mfano mwingine ambao sisi watu wa kontenti unafaa utuume kidogo. Mwingereza Richard Burton alipita nchi ya Wasomali mwaka 1854, na kitabu chake cha 1856 kinaonyesha jinsi alivyoshangaa: watu wasio na maandishi ya lugha yao, lakini washairi wamejaa kila pembe. Alichoona kilikuwa mfumo. Shairi zito lilitungwa kuhusu jambo la sasa hivi, vita, deni, ndoa, siasa, na likabebwa na watu wa kulihifadhi kichwani, kambi hadi kambi, nyuma ya ngamia. Sayyid Mohamed Abdulle Hassan alipopigana na Waingereza kuanzia 1899 hadi alipofariki 1920, mashairi yake yalikuwa silaha sawa na bunduki, na yalisafiri mbali kuliko bunduki zake. Lakini kulikuwa na masharti. Anayelikariri anataja kwanza jina la aliyelitunga. Na habadilishi maneno. Lugha yenyewe ilipata maandishi rasmi mwaka 1972, kwa hiyo kabla ya hapo hakukuwa na karatasi ya kukagua nani amebadilisha nini. Wasikilizaji ndio waliokagua. Halafu leo mtu anachukua vidio yako, anafuta jina lako kwa kona, anaweka lake, na watu wanampigia makofi.

Na kwa Waborana sheria zenyewe husemwa kwa mdomo. Kila miaka 8 kuna mkutano mkuu kule kusini mwa Ethiopia, Gumi Gayo, ambapo sheria za mfumo wa Gada hukaguliwa, nyingine huongezwa, na kutangazwa mbele ya watu. Mwaka 2016 UNESCO iliuweka mfumo wa Gada kwa orodha yake ya urithi wa dunia usioshikika. Asmarom Legesse, msomi kutoka Eritrea, alikuwa ameshaandika kitabu kizima kuhusu Gada mwaka 1973, na ndani yake kuna kalenda ya Waborana yenye majina 27 ya siku, ambayo wataalamu wao huitunza kichwani wakiangalia mwezi na nyota. Sisi hatukumbuki namba ya simu ya mama.

Lakini tusipake mambo ya zamani asali. Mabaraza yale ya wazee yalikuwa ya wazee, na wa kiume. Msichana aliyeona kitu kisimani, na visimani ndiko habari nyingi zilipitia, alimwambia mtu aliyemwambia mtu ambaye aliruhusiwa kuongea. Na nyimbo za vijana hazikuwa zote za mapenzi na ng'ombe wazuri. Kuna nyimbo zilizomcheka kijana ambaye hajawahi kurudi na mifugo ya watu, na wengi walikufa wakijaribu kuzikwepa. Maneno ya uchochezi hayakuanza na intaneti. Kilichokuwepo ni kwamba mchochezi alijulikana jina, ukoo, na boma lake.

Sasa kizuizi cha Isiolo.

Serikali ya kikoloni iliifunga kaskazini. Ilikuwa na sheria ya wilaya za pembezoni tangu 1902, na mwaka 1926 ikaitumia kuifunga Northern Frontier District, ile NFD wazee wanaitaja mpaka leo. Mwaka 1934 ikaongeza sheria nyingine ya wilaya maalum. Hukuingia bila kibali, hukutoka bila kibali, na mlango wa kusini ulikuwa mji wetu. Isiolo imekua hivyo, kama mlango: makao ya utawala, karantini ya mifugo, askari wastaafu wa Kisomali waliopewa pa kukaa baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, Waborana waliosukumwa huku kutoka Wajir miaka ya 1930. Ndiyo maana mpaka juzi juzi ulisikia mtu akipanda basi kwenda Nairobi anasema "naenda Kenya". Watu walicheka, lakini alikuwa anakumbuka kitu cha kweli.

Tunapoongea kuhusu NFD tunaongea sana juu ya mifugo na ardhi. Mimi naona habari pia zilifungwa. Aburu anahitaji kutembea. Ukichora mstari, ukasema kabila hili lisivuke huku na lile lisivuke kule, umemkata miguu mtu wa habari. Hawezi tena kwenda kuona kwa macho na kuongea na majirani. Wale majirani wanageuka uvumi.

Na mahali pa mazungumzo, serikali ikaleta baraza. Hili neno lina historia ya kuchekesha, kama wewe ni mtu wa kucheka ukiwa na uchungu. Pwani, Lamu au Zanzibar, baraza ni kile kiti cha mawe kilichojengwa nje ya nyumba, watu wanakaa jioni, wanakunywa kahawa, wanabishana, kila mtu ana mdomo. Neno likapanda bara na maafisa wa serikali, na lilipofika kwetu likawa mkutano wa DC au chifu: yeye amesimama, nyinyi mmeketi chini juani, anasema, mnapiga makofi, mnarudi nyumbani. Kiti cha kuongea kikawa mkutano wa kuambiwa. Ukiniuliza habari za kaskazini ziligeuka lini kuwa kitu cha upande mmoja, mimi nitakuonyesha hilo neno.

Halafu redio. Uhuru ukikaribia, Wasomali wengi wa NFD walitaka kujiunga na Somalia, tume ya 1962 ikaja kusikiliza watu, na baadaye London ikaamua kivyake. Tarehe 28 Juni 1963, Daudi Dabasso Wabera, DC wa Isiolo na mmoja wa Waafrika wa kwanza kushika cheo hicho, aliuawa kwa risasi pamoja na chifu Haji Galma Dida. Ukipita Wabera Street pale Nairobi, au ukiishi wadi ya Wabera hapa kwetu, ni yeye. Vita vya Shifta vikafuata. Na hewani kulikuwa na vita vingine: Redio Mogadishu ikirusha upande huu, na Nairobi ikijibu kwa Sauti ya Kenya, ambayo serikali ilikuwa imeichukua mwaka 1964. Watu waliokuwa wamezoea kumbana mleta habari kwa maswali sasa walikuwa na sanduku linaloongea na halisikii. Hukuweza kuliuliza: uliona mwenyewe au uliambiwa?

Uzito wa maneno hayo ya hewani unaonekana kwa makubaliano yenyewe. Kenya na Somalia zilipopatana Arusha, Oktoba 1967, hawakuandika kuhusu bunduki na mipaka pekee. Waliweka pia kwamba pande zote mbili ziache propaganda ya chuki kwa redio na magazeti. Yaani viongozi walikubali rasmi kwamba redio ilikuwa sehemu ya vita.

Wakati huo watu wetu walikuwa wamefungiwa ndani ya vijiji vya lazima, Garba Tulla, Merti, Modogashe, mifugo ikifa nje. Waborana wa Waso wanauita wakati huo Gaf Daba, wakati wa kusimamishwa. Waza jamii ambayo elimu yake yote ya habari imejengwa juu ya kutembea, halafu jina inalolipa msiba wake ni kusimamishwa. Sheria za hali ya hatari huku zilikaa mpaka 1991. Wazazi wa wengi wenu mnaosoma hii walikuwa tayari wamezaliwa.

Sitaki kuitukana redio, kwa sababu watu waliichukua wakaipindua. Muulize mama yako kuhusu salamu. Watu walinunua kadi za salamu, wakaandika majina ya ndugu, majirani, wanafunzi wenzao wa zamani, wakatuma posta, wakasubiri wiki nzima mtangazaji asome. Kulikuwa na mabingwa wa salamu wanaojulikana nchi nzima bila mtu kuwahi kuona sura zao. Na matangazo ya vifo: familia iliyotawanyika toka Moyale hadi Mombasa ilijua kuna mazishi kwa sababu redio ilisema. Serikali ilikuwa na mtambo, lakini watu walipitisha ndani yake kile kile walichokuwa wanakula zamani, nani yuko wapi na yuko hali gani. Baada ya mawimbi kufunguliwa miaka ya 1990, redio za lugha zetu zikafika, na leo hapa Isiolo mzee anapiga simu studio kwa Kiborana na kumsahihisha mtangazaji mbele ya kaunti nzima. Mimi nikisikia hivyo nafurahi kupita kiasi. Huyo mzee anafanya kazi ya jarsa dedha kwa kutumia simu ya kubonyeza.

Halafu kuna magrupu yetu ya WhatsApp. Hapa sina utani.

Mnajua jinsi inavyokuwa. Kumetokea kitu mahali, mifugo imechukuliwa, au inasemekana imechukuliwa. Saa mbili usiku sauti inaingia kwa grupu la mtaa. Mwanaume anaongea kwa hasira, hataji jina, hataji mahali, anasema "hawa watu wamefika". Hawa watu gani? Kufikia saa tatu imefika kwa magrupu kumi. Mwenye kuituma anaweka chini "nimeipata hivyo hivyo". Kesho yake Bula Pesa na Kulamawe watu ambao wamekopeshana sukari miaka ishirini wanapitana bila salamu. Na salamu, kama nilivyosema, ndiyo ilikuwa njia ya kuuliza habari. Kwa hiyo uvumi unaua kwanza kile kitu ambacho kingeusahihisha.

"Nimeipata hivyo hivyo." Kijana wa aburu angesema hivyo mbele ya wazee, asingetumwa tena maishani mwake.

Najua kuna watu watasema teknolojia imetuharibu. Sikubaliani. Juni 2024, wakati wa mswada wa fedha, vijana walichukua waraka mrefu wa Kiingereza cha wanasheria, wakausoma, wakaueleza kwa Kiswahili na lugha za nyumbani kwa vidio za dakika moja moja, nyuso zao zikionekana. Ukipinga ulichosikia, ulimjua wa kumuuliza na ulijua kifungu cha kwenda kusoma. Ni TikTok, na bado ni sahan. Walitangulia, wakaangalia, wakarudi wakasema walichoona.

Na upande ule mwingine, angalia ukame. Mvua ilikosekana misimu mitano mfululizo, kuanzia mwisho wa 2020 hadi 2022. Mamlaka ya kitaifa ya kushughulikia ukame hutoa taarifa ya kila mwezi kwa kila kaunti: hali ya malisho, umbali wa maji, bei ya mbuzi, utapiamlo wa watoto. Takwimu nzuri sana. Iko kwa Kiingereza, iko kwa faili, na haiulizwi maswali. Mfugaji wa Sericho ataifungulia wapi? Setilaiti inaona ukijani. Haiwezi kukwambia kwamba ule ukijani ni mti ambao mbuzi hali, au kwamba wenyeji wa pale wamekasirika. Aburu anaona yote mawili lakini hafiki mbali kama setilaiti. Ningekuwa na sauti kwa kaunti ningewaketisha hao wawili meza moja, kijana wa takwimu na mzee wa dedha, redioni, kila mwezi, simu zikiwa wazi, na kwa lugha zote za mji huu, si moja.

Kwa sasa sina kaunti, nina ukurasa huu tu na magrupu matatu. Kwa hayo matatu nimeomba kitu kimoja: ukileta habari ya shambulio, taja mahali, taja saa, na useme kama uliona au uliambiwa. Kama uliambiwa, taja ni nani. Grupu mbili zimekubali. La tatu bado tunabishana, na mmoja wa wanaobisha ni mjomba wangu, kwa hiyo naenda pole pole.

Nikikusanya ya kutosha nitaandika juu ya salamu zenyewe. Muulize mzee mmoja nyumbani, awe Mturkana, Mmeru, Msamburu, Msomali, Mborana, Msakuye, yeyote: mgeni alipofika bomani, swali la kwanza lilikuwa lipi, na la mwisho lilikuwa lipi? Niletee kwa lugha yake, na jina la aliyekwambia.